Mpenzi wa taarabu, anza dangdut hivi

Nikiulizwa mtu aanzie wapi muziki wa Indonesia, jibu langu ni dangdut, tena ile ya miaka ya 1970. Mtafute Rhoma Irama na kundi lake la Soneta, kisha Elvy Sukaesih; Waindonesia wanawaita mfalme na malkia wa dangdut. Rhoma alizikuta nyimbo za bendi za Kimalay zimeshachanganyika na muziki wa filamu za Kihindi na wa Kiarabu, akazitia gitaa la umeme. Mtu aliyelelewa na taarabu hatapata shida hapo, maana Uhindi na Uarabu vimepita kwetu pia.

Usihangaike na maneno mwanzoni. Sikiliza gendang, zile ngoma mbili za mkono: mpigaji anaisukuma ngozi ya ile kubwa kwa kiganja na mlio unapanda. Juu yake kuna filimbi ya mwanzi, inamjibu mwimbaji kila anapovuta pumzi. Ukizishika hizo mbili, wimbo umeushika.

Halafu ingia harusini. Mimi dangdut iliniingia damuni kwenye harusi za vijijini, nilipokuwa nasoma Yogyakarta. Ukialikwa, usikatae. Vaa shati la batiki, tia pesa kwenye bahasha uitumbukize kwenye sanduku la mchango, kula, kisha sogea karibu na jukwaa. Kutuza kupo, wenyewe wanaita saweran. Chenji pesa mapema upate noti za rupia 2,000 na 5,000, panda ukicheza, umpe mwimbaji moja moja mkononi. Wapo wanaume wanaotaka kumbandika noti mwilini. Usiwaige hata kama ukumbi mzima unashangilia. Yule dada yuko kazini.

Koplo, dangdut ya kasi ya Jawa Mashariki, iache ije baadaye. Ndiyo iliyomtoa mwimbaji Inul Daratista, ambaye mwaka 2003 kiuno chake kiliigawa nchi, Rhoma akiwa mstari wa mbele kumlaani. Nampenda sana Rhoma, lakini katika hilo niko na Inul: alikuwa anacheza kama wanavyocheza kwao. Ukifika huko, watafute New Pallapa, kundi la koplo, uangalie onyesho zima badala ya vipande vifupi vya mtandaoni, na macho yako yakae kwa mpiga gendang.