Wameniwekea sauti ya mtu mwingine kwenye muvi, nifanyeje babu?

SWALI: Shikamoo babu. Mi ni binti wa miaka 23, naishi Gungu hapa Kigoma ila kwetu ni Kasulu. Mwaka jana nilipata kipande kwenye muvi ya watu waliotoka Dar, nikafurahi jamani mpaka nikawatangazia majirani, siku imetoka tumejazana sebuleni kwa mama mdogo nakuta mdomo unaocheza ni wangu lakini sauti sio yangu, wamemweka mdada mwingine kabisa. Kuuliza naambiwa Kiswahili changu kina Uha mwingi. Binamu yangu ananiambia nisilie, ati hata Marekani sinema zilipoanza kuongea, waigizaji wa kike wote wa zile za kimya walitupwa nje kwa ajili ya sauti zao. Ni kweli babu? Hakuna hata mmoja aliyebaki?

JIBU: Marhaba mjukuu wangu. Pole kwanza, maana hapo sebuleni najua majirani walivyokuangalia. Binamu yako ana punje ya ukweli ila chumvi kaimwaga gunia zima.

Hicho ulichofanyiwa kina babu yake. Mwaka 1929 Uingereza, Alfred Hitchcock alikuwa anapiga filamu inaitwa Blackmail, wakaianza kama sinema ya kimya halafu katikati ikaamuliwa iongee, na nyota wao Anny Ondra ni mtu wa Czech, Kiingereza chake kinajulikana kutoka mbali, na yeye kwenye hadithi ni binti wa London. Sasa enzi hizo kubandika sauti baadaye kama walivyokufanyia wewe ilikuwa bado haiwezekani vizuri, kwahiyo wakamleta Joan Barry akasimama pembeni kamera isimuone, yeye anaongea kwenye maikrofoni na Ondra anachezesha mdomo, hapo hapo, laivu. Fikiria wewe unaigiza huku mwenzako anakusemea mita chache tu! Lakini Ondra hakufa njaa. Alirudi Ujerumani na Czech ambako lugha alikuwa anaziweza, akapiga filamu nyingi tu za kuongea, akaolewa na Max Schmeling, yule bondia wa uzito wa juu.

Sasa nikupe wa pili, huyu ndo nataka umsome vizuri. Greta Garbo, Mswidi, kazaliwa Stockholm mwaka 1905 familia ya kimaskini, baba kafariki yeye ana miaka 14, akafanya kazi kwa kinyozi kupaka wanaume sabuni za kunyolea ndevu, halafu duka kubwa akiuza kofia. 1925 akafika Marekani kampuni ya MGM, Kiingereza hajui. Na haikuwa shida hata kidogo, maana kwenye sinema ya kimya maneno yanaandikwa kwenye kadi katikati ya picha, wakitaka kuipeleka Ufaransa wanatoa kadi za Kiingereza wanaweka za Kifaransa basi. Filamu yake ya kwanza kule kaigiza Mhispania na hakuna aliyeguna.

Halafu mwishoni mwa 1927 ikatoka The Jazz Singer, watu wakasikia mtu anaimba na kusema maneno kwenye pazia, ikawa wazimu, kila kampuni mbio kununua mitambo ya sauti. MGM wakamficha Garbo wao. Kweli kabisa, zaidi ya miaka miwili wenzake wanaongea yeye bado anapiga za kimya, filamu yake The Kiss ya 1929 ndo ikawa ya mwisho ya kimya kwa kampuni nzima. Walikuwa wanaogopa, huyu akifungua mdomo itakuwaje?

Hapa ndo penye utamu mjukuu wangu. Hawakumtafutia mtu wa kumsemea, na wala hawakumlazimisha aongee kama mtu wa New York. Walitafuta hadithi ambayo mwenye lafudhi ile ndo anayetakiwa. Wakachukua mchezo wa jukwaani wa Eugene O'Neill, Anna Christie, binti wa nahodha Mswidi huko Marekani. Yani lafudhi iliyokuwa inawanyima usingizi ikageuka kuwa sifa ya mhusika! Matangazo yakaandikwa tu "Garbo anaongea", na kwenye filamu wenyewe wanakuchelewesha karibu robo saa hujamuona, ndo anaingia baa amechoka, anakaa, anaagiza wiski na soda ya tangawizi pembeni, na mhudumu asibane mkono. Sauti nzito, ya chini. Watu wakaipenda. Ilikuwa 1930, na mwaka huo huo akaigiza tena Anna Christie kwa Kijerumani, toleo zima limepigwa upya, kwa sababu zile kadi za kubadilisha sasa hazipo.

Wapo walioshindwa kweli. Vilma Banky wa Hungary alipotea baada ya filamu chache. Clara Bow, mtoto wa Brooklyn, yeye tatizo kubwa lilikuwa maikrofoni zenyewe, zimefungwa sehemu moja na ye kazoea kurukaruka huku na huku, basi mwongozaji wake Dorothy Arzner akafunga maikrofoni kwenye fimbo ya kuvulia samaki ikawa inamfuata juu kwa juu. Nikiisoma hiyo huwa nacheka, nawaza wavuvi wetu wa Kibirizi. Bow akaendelea mpaka 1933 akaacha mwenyewe.

Kwahiyo kwako wewe: ukipata kazi nyingine uliza kabla hujasaini, sauti itabaki yangu? Iandikwe. Na kama kuna vijana unaopiga nao filamu fupi, waambie waandike mhusika wa Kasulu, aongee kama mtu wa Kasulu, anayeshuka stendi na kikapu cha maharage, mbona watu wako wapo wengi tu hapa mjini na hakuna muvi inayowaonyesha bila kuwageuza kichekesho? Mi ningelipa kiingilio. Lakini na mazoezi ya kuongea fanya, Garbo naye Kiingereza alijifunza, hakukaa tu.

Nimebakiwa na nafasi kidogo, msomaji wa Isevya, Tabora, aliandika toleo lililopita kuuliza huyo huyo Garbo aliolewa na nani na aliishia wapi. Hakuolewa bwana. Filamu ya mwisho ni ya 1941, ana miaka 36, akaacha na hakurudi tena, akaishi New York kimya kimya akitembea mitaani kwa miguu na miwani myeusi mpaka alipofariki Aprili 1990 akiwa na miaka 84. Walimpa Oscar ya heshima mwaka 1955, hakwenda kuichukua.