Jibu: Santuri ya rap ya 1984, ya asili au nakala?

Ndugu wa Malindi, umeuliza kama santuri unayouziwa ni ya asili, na kama faili la FLAC (sauti ya kidijitali isiyopunguzwa ubora) ulilopewa nayo ni la kweli.

Madoa ya jalada si ushahidi. Hewa ya pwani hutia ukungu hata jalada la juzi. Inamisha santuri mwangani, usome herufi zilizochongwa kwenye ukingo mtupu unaozunguka lebo, uzilinganishe na picha za Discogs, tovuti ya orodha za santuri. Maandishi madogo ya lebo yakiwa na kingo zilizofifia, huenda yamepigwa skana kutoka lebo ya asili, yaani ni nakala.

Faili lifungue kwa programu ya Audacity, tazama spektrogramu, yaani picha ya masafa ya sauti, ya chini hadi ya juu. Masafa yakikatika ghafla kwenye 16 kHz, huenda ni MP3 (faili lililopunguzwa sauti ili liwe dogo) iliyovishwa kanzu ya FLAC, na kilichokatwa hakirudi. Sauti iliyotoka kwenye kaseti hufifia polepole kadiri masafa yanavyopanda, usiichanganye na hiyo.