Miaka 15 ya uwakili huanza kuhesabiwa lini?

Swali: Shikamoo mama. Mimi ni Afisa Sheria katika halmashauri moja mkoani Singida. Nilimaliza mafunzo ya uanasheria kwa vitendo, nikaapishwa kuwa wakili 2019, na mwaka uliofuata nikaajiriwa serikalini. Sijawahi kufanya uwakili wa kujitegemea. Wenzangu wananiambia mtu hawezi kuwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali bila miaka 15 ya uwakili, hivyo nimejichimbia halmashauri bure. Je, ni kweli? Na niombe uhamisho kuja Mtumba, Mji wa Serikali kule Dodoma, au nikasome shahada ya uzamili kwanza?

Jibu: Marahaba, mwanangu. Wenzako wameisoma ibara nusu. Fungua Katiba, ibara ya 59. Haidai miaka 15 ya kusimama mahakamani. Inamtaka mtumishi wa umma mwenye sifa ya kufanya kazi ya uwakili, au mtu mwenye sifa ya kusajiliwa kuwa wakili, ambaye amekuwa na sifa hiyo mfululizo kwa muda usiopungua miaka 15. Neno la kulishika ni "sifa". Sifa yako unayo tangu 2019, na haikuondoka siku ulipokabidhiwa meza pale halmashauri. Kwa hesabu hiyo unatimiza 2034. Naibu Mwanasheria Mkuu na Mkurugenzi wa Mashtaka wanatakiwa miaka 10, kwa hiyo huko unatimiza 2029.

Ila usije ukajaribu kuongeza uzoefu kwa kushika kesi za watu pembeni. Mwanasheria aliye katika utumishi wa umma haruhusiwi kufanya uwakili wa kujitegemea, na kesi moja ya shemeji inatosha kukuandama kwenye upekuzi wa kabla ya uteuzi miaka mingi baadaye.

Jambo ambalo hukuuliza, nami nadhani ndilo kubwa: tenganisha kupandishwa cheo na kuteuliwa. Daraja unaweza kulidai. Ukitimiza muda, ukajaza PEPMIS (mfumo wa kupima utendaji wa watumishi wa umma) yako vizuri na bajeti ikiwepo, una hoja ya kwenda nayo kwa afisa utumishi. Uteuzi hauombwi wala haudaiwi. Ukatibu Mkuu, kwa mfano, hauna sharti la shahada ya sheria. Katibu Mkuu ndiye Afisa Masuuli wa wizara, anayejibu kuhusu kila shilingi iliyotoka. Mwanasheria asiyejua kusoma fungu la bajeti atapata taabu pale hata kama ameshinda kesi mia.

Tazama waliopita. Joseph Warioba alikuwa Mwanasheria Mkuu kuanzia 1976 hadi 1983, akawa Waziri wa Sheria, kisha Waziri Mkuu kuanzia 1985 hadi 1990. Eliezer Feleshi alikuwa Mkurugenzi wa Mashtaka, akaenda Mahakama Kuu hadi kuwa Jaji Kiongozi, ndipo 2021 akateuliwa Mwanasheria Mkuu. Hamza Johari, aliyempokea Agosti 2024, alitokea ukurugenzi mkuu wa Mamlaka ya Usafiri wa Anga. Mmoja alipitia siasa, mwingine mahakama, mwingine taasisi ya kitaalamu. Hakuna ngazi moja, na anayekuuzia ramani ya njia hiyo anakudanganya.

Wote wanaopanda, hata hivyo, husomwa kwanza. Namaanisha maandishi yao. Mwaka wangu wa pili kazini niliandika maoni ya kisheria kuhusu mkataba wa ukandarasi, kurasa saba, vifungu na kesi rejea kila aya. Nilijiona nimemaliza sheria yote. Jalada lilirudi kutoka kwa mkurugenzi likiwa na mstari mmoja kwa kalamu nyekundu: "Sawa. Sasa Jumatatu nimlipe au nisimlipe?" Nilikaa na lile jalada hadi masijala wanafunga. Jibu lilikuwemo, ukurasa wa sita, nimelifunika kwa Kilatini. Tangu siku hiyo dokezo sabili langu (karatasi ya ushauri wa ndani ya ofisi) lilianza na pendekezo, sababu zikafuata, na hatari ya kila njia nikaitaja waziwazi. Bosi anayesikia "sheria hairuhusi" kila siku huacha kukuita kwenye kikao. Mwambie pia njia ambayo sheria inaruhusu.

Ndiyo maana sikuonei huruma kukaa halmashauri. Hapo unashika ardhi, zabuni, nidhamu za watumishi, ushuru na sheria ndogo, yote kwa wiki moja. Aliyeanzia makao makuu anaweza kumaliza miaka mitano kwenye dawati moja. Halafu, tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2020, anayetaka kuishtaki halmashauri anatoa notisi ya siku 90, anamuunganisha Mwanasheria Mkuu na kufungua shauri Mahakama Kuu. Utetezi unafanywa na Ofisi ya Wakili Mkuu wa Serikali, iliyoanzishwa 2018. Nyaraka na maelezo wanayapata kwako. Jalada lenye mihtasari iliyosainiwa, barua zilizopangwa kwa tarehe na shahidi aliyeandaliwa hukumbukwa. Jalada linaloletwa siku mbili kabla ya tarehe ya mahakama hukumbukwa pia.

Kuhusu Mtumba: ni kilomita 17 hivi kutoka katikati ya jiji, upepo wake una vumbi, na wizara karibu zote ziko pale. Kuwa jirani yao hakukuongezei kitu kama hakuna aliyewahi kusoma ulichoandika. Ukipata nafasi njoo, lakini kabla hujakubali uliza kwa maandishi kama ni uhamisho wa kawaida au unabadilishiwa kada. Ukibadilishiwa kada, ulizia daraja utakalowekwa na kama utalipwa mshahara binafsi, yaani kubaki na mshahara wako wa sasa hata daraja likishuka. Nimewaona watu wazima wakianza foleni upya kwa kutouliza swali hilo moja.

Uzamili nenda, ila usichague kwa sababu jina lake linapendeza kwenye wasifu. Kwa unayoyashika sasa, ningechukua uandishi wa sheria au sheria ya mikataba na ununuzi wa umma. Tangu 2021 Kiswahili ndicho lugha ya sheria na mahakama zetu, na wanaoweza kuandika kifungu cha Kiswahili kisichoyumba bado tunawahesabu kwa vidole. Omba kibali cha masomo kwa mwajiri mapema, kabla mpango wa mafunzo wa mwaka haujafungwa.