Nina sauti nzito, je, niache daftari la seti?

Safu ya maswali ya wasomaji. Anayejibu ni mwongozaji msaidizi wa tamthilia za televisheni na mwingiza sauti, mkazi wa Dar es Salaam.

SWALI: Shikamoo dada. Nina miaka 24, nipo Morogoro. Huu ni mwaka wa pili nafanya usaidizi kwenye tamthilia: nagawa ratiba, naita wasanii, nazuia bodaboda zisipite tukiwa tunarekodi. Kila mtu ananisifia sauti, ni nzito. Sasa kuna studio ya Dar inatafuta watu wa kuingiza sauti kwenye tamthilia za nje. Niache usaidizi niende huko?

JIBU: Marahaba mdogo wangu. Nenda ukajaribiwe, ila daftari lako la ratiba usiliache. Na huo uzito wa sauti usiutegemee sana. Nimeona vijana wenye sauti ya kutikisa madirisha wakikwama siku ya kwanza, na nimeona binti mwenye sauti nyembamba kama uzi akipewa mhusika mkuu wa vipindi vingi, kwa sababu alijua kusoma na alijua kupumua.

Ngoja nikueleze kazi yenyewe ilivyo. Unasimama peke yako kwenye chumba kidogo. Kipaza sauti kiko kama shubiri moja kutoka mdomoni. Feni na kiyoyozi vimezimwa kwa sababu vinasikika, na kama ni Januari, jasho linakutiririka mgongoni. Kanga mpya siendi nayo, wanga wake unachakacha. Kwenye vipokea sauti unasikia milio mitatu, na wewe unaanza pale ambapo mlio wa nne ungelia. Kwenye skrini mama wa Kituruki anamfokea mkwewe. Amemaliza kufoka kwa maneno mawili, wewe kwenye skripti umeandikiwa sita, na yote yanaishia na irabu inayotaka kubaki mdomoni. Akifumba midomo, nawe ufike na m, b au p hapo hapo. Ukikosea, mtu aliyekaa sebuleni kwake Mbagala anajua kuna kitu hakiko sawa, hata kama hawezi kukitaja.

Na hasira iwepo. Usomaji mtupu hautoshi, lazima uigize. Mimi humfokea yule mkwe huku nimekunja ngumi, mikono ikiwa mbali na karatasi ili isisikike.

Sasa, kwa nini nakwambia usiache usaidizi? Kwa sababu ndio ulionifunza kuheshimu muda. Mwaka wangu wa tatu kazini tulikuwa Kigamboni, sini, yaani onyesho, ya mume na mke wanaoachana ufukweni. Nilipanga tuanze saa nne asubuhi. Maji yamekupwa, mchanga umeonekana mpaka mbali, tukavuta mtumbwi tukauweka nyuma ya waigizaji. Nusu ya kwanza ikaenda vizuri kabisa. Tukala, tukarekodi mambo mengine kivulini, tukasubiri adhana ya Alasiri imalizike, maana saa ya adhana nilikuwa nimeiandika. Tuliporudi ufukweni saa kumi, maji yako kwenye minazi na mtumbwi unaelea. Ilikuwa bamvua, maji yanapojaa na kupwa kupita kawaida, siku mbili baada ya mwezi mpevu, na mimi mzaliwa wa Tanga sikuutazama mwezi. Mwongozaji hakunigombeza. Alikaa juu ya sanduku la kamera akayatazama maji, na ile kimya yake naikumbuka mpaka leo. Mzee mmoja mvuvi ndiye aliyetuambia turudi baada ya wiki mbili, bamvua nyingine, kwa kuwa maji yangekupwa tena karibu saa ile ile ya asubuhi. Tukarudi, na nusu ya pili ikashikana na ya kwanza.

Tangu siku ile ratiba yangu ina safu ya maji, ya jua, ya adhana na ya kunguru, kwa sababu kunguru wa Dar alfajiri na jioni hawakuachii sauti safi. Msaidizi husoma skripti moja mara kumi: anatenga nani yumo, kavaa nini, ametoka wapi, anaingia na kitu gani mkononi. Nilipoingia chumba cha sauti, macho yangu yalishazoea kutangulia mdomo. Penseli ninayoiwekea alama sini ndiyo ninayochorea mkwaju mdogo, kimstari cha mshazari, kila mahali pa kuvuta pumzi. Wewe tayari unajifunza hayo, na unalipwa. Omba siku mbili kwa wiki za studio, uone.

SWALI: Dada, mimi ni wa Mombasa, Mji wa Kale. Kwenye majaribio niliambiwa niipunguze lafudhi ya kwetu. Iliniuma. Kiswahili si chetu?

JIBU: Ni chenu, dadangu, na kuumia kwako nakuelewa. Tamthilia moja itatazamwa Lamu, Mwanza, Nakuru na Bujumbura, ndiyo maana studio nyingi zinataka sanifu. Wewe ukisema "ndoo" kumwita mtu, yaani njoo, mtazamaji wa Mwanza ataitafuta ndoo ya maji. Jifunze kuivua lafudhi na kuivaa, kama nguo ya mhusika. Usiipoteze, siku moja watahitaji bibi wa Pwani na hatapatikana wa kuigiza.

Ila kuna jambo moja ambalo sisi watu wa Pwani tunawazidi wengine, nami nataka ulitumie mle chumbani bila woga. Skripti nyingi za Kichina na Kituruki hutufikia zikiwa zimepitia Kiingereza, na Kiingereza kina neno moja tu kwa ndugu wa kiume wa baba na wa mama. Mtafsiri akikutana nalo anaandika "mjomba" kila mahali. Lakini Mturuki anamtofautisha amca, ndugu wa baba, na dayı, ndugu wa mama. Mchina naye hamwiti mjomba wake kama anavyomwita baba yake mdogo. Kiswahili tunayo maneno yote haya! Niliwahi kurekodi sini ya kugombea urithi ambamo ndugu wa marehemu aliandikwa "mjomba", na ugomvi wote ukakosa maana, kwa sababu mjomba anadai nini kwenye mali ya shemeji yake? Nilisimamisha kurekodi nikasema huyu ni ami, ndugu wa baba. Amca na ami, yote mawili mzizi wake ni Kiarabu kile kile. Wakabadilisha, na muigizaji mwenzangu akaanza kufoka kwa haki.

Kwa hiyo ukiona kosa, inua mkono. Sauti yako ndiyo itakayobeba lawama.

SWALI: Mimi ni mama wa Moshi. Binti yangu wa kidato cha sita anataka kazi hii. Alikuwa anaigiza tamthilia za redio tangu mdogo. Je, inalisha?

JIBU: Shikamoo mama. Inalisha, lakini haina mshahara wa mwisho wa mwezi. Hulipwa kwa siku au kwa kipindi, na malipo hupenda kuchelewa, ndiyo maana mimi nina kazi mbili.

Kuhusu redio, amepita njia yangu. Mimi nilikulia na mchezo wa Twende na Wakati, ulioanza Radio Tanzania mwaka 1993. Mama akizima jiko ili tusikie vizuri, dereva Mkwaju namwona kabisa na roli lake, na hakuna picha hata moja. Kisha mwaka 2011 TBC ikaonyesha tamthilia ya Kichina ya Doudou na mama wakwe zake, Wachina wanazozana kwa Kiswahili, nikajua ile kazi ya redio imepata mlango mwingine. Kwa masomo, kuna chuo cha sanaa Bagamoyo, siku hizi TaSUBa, na sanaa za ubunifu Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Asichague kimoja kabla hajaenda kuona vyote viwili.

Jambo ninalokuomba sana ni mkataba. Niliwahi kurekodi tangazo kwa malipo ya miezi mitatu, nikaendelea kulisikia kwenye daladala mwaka wa pili. Sikuwa na karatasi, sikuwa na la kusema. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inamtambua mwigizaji na haki zake, na COSOTA, ofisi ya hakimiliki ya Tanzania, ipo, lakini ukienda mikono mitupu wakusaidieje? Sasa zimekuja kompyuta zinazoiga sauti ya mtu, kwa hiyo mimi huongeza mstari wangu mwenyewe kwa kalamu: sauti hii ni ya tamthilia hii, kwa vipindi hivi, na haitatumika kufundishia mashine. Wateja wawili wamekataa kuusaini. Sikuwarekodia.