Wakwe waambiwe mmetengana, sababu ibaki kwenu

Swali la wiki lilikuwa hili: mume na mke wanaoishi nyumbani kwa wakwe wakiamua kutengana kwa muda, je, wazee waelezwe? Jibu langu ni ndiyo, waelezwe kwamba mmetengana, basi. Kwa nini mmetengana, hilo ni lenu wawili. Nasema hivi nikiwa mama mkwe hapa Walukuba, Jinja, na mke wa mwanangu anaishi kwangu.

Wanaoshauri wanandoa wafiche kila kitu hawajalala katika nyumba zetu. Ni za kota, zilijengwa zamani kwa ajili ya mfanyakazi na familia ndogo, na leo zimembeba bibi, wajukuu na shemeji anayetafuta kazi. Mtu akipiga chafya chumbani, sebuleni anaambiwa pole. Mke akilala chumba cha watoto usiku mmoja tu, asubuhi nyumba nzima inajua, na wasiloambiwa watalitunga.

Lakini kusema yote ni hatari zaidi. Jirani yangu mmoja, mwanawe alichukua pesa ya ada ya watoto akamkopesha rafiki yake, nayo haikurudi. Mkewe akahama chumba. Alitandika mkeka kati ya madumu ya maji na cherehani, akaning'iniza leso mahali pa mlango. Mama mkwe alipomuuliza, binti alieleza mwanzo mpaka mwisho huku analia. Kabla ya adhuhuri habari ilikuwa kwenye kundi la WhatsApp la ukoo. Jumamosi baba mdogo akafika kutoka Iganga na wazee wenzake, viti vikapangwa uani. Ada haikutajwa hata mara moja. Walizungumzia chakula kinachochelewa, wakazungumzia ndugu za binti wanaokuja bila taarifa, kisha mmoja akauliza ng'ombe wa mahari watarudi lini, ingawa Mahakama ya Juu ya Uganda ilishaamua mwaka 2015 kwamba kudai mahari irudishwe ndoa ya kimila inapovunjika ni kinyume cha Katiba.

Kinachoniuma ni kwamba kijana alikuwa ameanza kulegea. Usiku wa kuamkia kikao alimletea mkewe chapati, wakaongea pale mlangoni kwa muda mrefu, sote tuliwasikia wakicheka. Baada ya kikao hakuweza tena. Wazee walikuwa wameshatamka mbele ya watu kwamba mtoto wao hana kosa. Angeombaje radhi bila kuwaumbua? Binti akaondoka na boda boda, godoro limefungwa nyuma, mtaa mzima unatazama. Jambo la ada wangelimaliza wenyewe mwisho wa mwezi.

Na tusisingizie mila. Baganda wana obuko, mipaka ya heshima kati ya mtu na wakwe zake, na mke akinoba, akarudi kwao, wa kumsikiliza ni senga, yaani shangazi yake, si kijiji. Sisi Waislamu, Sura ya An-Nisaa aya ya 35 inataja mwamuzi mmoja kutoka jamaa za mume na mmoja kutoka jamaa za mke. Hao wawili wanatosha. Sijaona mahali palipotajwa baba wadogo wote, wala kundi la WhatsApp.

Anayepaswa kuwaambia wazee ni yule ambaye nyumba ni ya kwao. Kijana, nenda kwa mama yako mwenyewe, usimwachie mkeo kazi hiyo. Mwambie: "Mama, tumeamua kukaa mbali kidogo. Tunaomba msituulize sababu. Tukishindwa, tutakuja." Akiuliza tena kesho, rudia maneno yaleyale. Na sisi akina mama tukishaambiwa hivyo, tusiwatume wajukuu kuchungulia nani kalala wapi. Mtoto anayefanywa mpelelezi wa baba na mama yake anaumia, hata kama haonyeshi.

Kipigo ni jambo jingine kabisa. Anayepigwa asitunze siri ya mtu. Sheria ya mwaka 2010 kuhusu ukatili wa majumbani inamruhusu kuanzia kwa LC, yaani baraza la mtaa, au polisi, na haimgusi mume peke yake: mkwe au shemeji anayemtesa naye anaweza kushtakiwa.

Kuhusu nani atoke, mimi naona mwanamume ndiye atangulie kutoka, akae kwa rafiki au kwa kaka yake. Yeye akirudi baada ya wiki tatu, karudi kwao. Mke akitoka, kila siku inayopita kurudi kunakuwa kugumu, maana hata kibanja si cha mumewe, ni cha baba mkwe. Tena kuna jambo wengi hawalijui: kwa Sheria ya Urithi, iliyorekebishwa mwaka 2022, mume akifariki bila wosia huku mkewe anaishi kwingine kwa kutengana, mjane huyo anaweza kukosa fungu lake. Kwa hiyo binti, kabla hujafunga godoro, pata ushauri wa mwanasheria. Kama huna pesa ya wakili, FIDA-Uganda, chama cha mawakili wanawake, wanawasaidia wanawake bure, na utakayowaeleza hayafiki kwa mama mkwe.