Kamera Ibaki Kwanza Begini

Mara ya kwanza kwenda Nakivale, makazi ya wakimbizi kusini-magharibi mwa Uganda, nilifika asubuhi, na kufika saa nne nilikuwa tayari narekodi. Vijana wengi wanaokuja kujifunza kazi kwangu hulirudia kosa hilihili.

Nilimketisha mama mmoja wa Rutshuru, mashariki mwa Kongo, mbele ya turubai, nikamwuliza siku ya kukimbia vita ilikuwaje. Akaeleza, akalia. Moyoni nikasema filamu nimeipata. Jioni, nikikunja waya, akaniuliza, "Sasa mwanangu, hata maharage yangu hukuyaona?" Nyuma ya nyumba alikuwa na shamba alilolifyeka mwenyewe kwenye kiwanja alichogawiwa. Sikuwa na picha yake hata moja.

Nakivale imekuwa ikipokea wakimbizi tangu mwishoni mwa miaka ya 1950. Sheria ya wakimbizi ya Uganda ya 2006 inawaruhusu kufanya kazi na kutembea nchini, ndiyo maana humo utakuta vibanda vya kuchaji simu kwa sola, vinyozi, mafundi cherehani, bodaboda. Ukimpiga picha mtu aliyekaa pale miaka kumi kana kwamba ameshuka kwenye lori jana, umedanganya. Mwulize kesho ana kazi gani, umfuate huko. Habari za vita atazileta mwenyewe akiwa anapalilia.

Kibali cha Ofisi ya Waziri Mkuu, inayosimamia mambo ya wakimbizi, kitafute mapema, usibahatishe. Na mvua ikianza kupiga mabati, zima tu. Hakuna kipaza sauti kitakachokuokoa.

Suala la mkalimani ndilo gumu. Mama yule alianza kwa Kiswahili, lakini alipofika kwenye usiku wenyewe wa kukimbia akahamia Kinyabwisha, lugha ya kwao. Aliongea dakika mbili nzima, mkalimani akanigeukia: "Anasema waliteseka." Niliporudi Kampala nikampa mtu mwingine asikilize. Kumbe mama alikuwa anasimulia ugomvi na mumewe mlangoni, risasi zikilia: wabebe godoro au wamfungue mbuzi? Tangu siku hiyo kila neno linatafsiriwa upya, na mtu ambaye hakuwepo.

Tena, sahihi ya kukubali kurekodiwa kwenye karatasi haitoshi. Mzee mmoja alikubali Jumatatu, Jumatano akakataa, kwa sababu shemeji yake alikuwa bado upande wa pili wa mpaka na siku hizi video hufika huko kwa simu kabla hujamaliza chai. Nilifuta mbele ya macho yake. Ilikuwa picha yangu nzuri kuliko zote, na bado inaniuma kidogo, sitaki kuwadanganya.

Yule mama nilimrudia baada ya miezi, safari hii nikashika jembe kwanza. Nikamwuliza ugomvi ule uliishaje. Akacheka mpaka akakaa chini. Walibeba godoro, akasema. Mbuzi aliwafuata mwenyewe mpaka Bunagana, pale mpakani.