Ukiambiwa "changamka" dukani: kwa mnaoanza kazi Biashara Street

Nduzangu mnaoanza kazi kwenye maduka ya leso, yaani khanga, hapa Mombasa, hasa nyinyi mliokuja juzi kutoka bara mkapata kibarua Biashara Street kupitia kwa binamu au jirani, kuna neno moja mtalisikia mpaka mlichukie. Changamka. Tajiri, yaani mwenye duka, akiingia asubuhi, changamka. Kastama akisimama mlangoni, changamka. Saa nane mchana jua limewaka na feni yazungusha joto tu, bado changamka. Na shida ni kwamba wengi wakiambiwa hivyo wanafanya moja kati ya mawili, ama waanze kukimbiakimbia ovyo utadhani duka laungua, ama waanze kuongea. Wengi huongea. Na yote mawili siyo aliyokuwa akiyataka tajiri.

Msikilize mama ambaye mtoto wake alikuwa na homa, akiulizwa yuwaendeleaje anajibu "alhamdulillahi, leo amechangamka". Hamaanishi mtoto aruka wala acheka, amaanisha jana alikuwa amelala tu, hata uji hautaki, na leo macho yako wazi yanamfuata kila anayepita mbele yake. Mimi naona hapo ndipo maana yenyewe ilipo, kwenye macho, na hayo mengine yote yanafuata. Soko limechangamka, yaani watu wapo na pesa yatembea. Chai ya tangawizi yachangamsha mwili. Kuna na yule wa kuchangamsha genge, barazani watu wameshachoka na stori za siasa kisha yuwaja na kituko kimoja kila mtu akaamka. Halafu kuna ile "bwana yule leo amechangamka kidogo" inayosemwa kwa sauti ya chini harusini, hiyo haina sifa ndani yake, maanake amepitia mahali akalowesha koo. Kwa hivyo mzee wa watu akiingia dukani mwachie salamu yake tu, usimwambie "mzee leo umechangamka" ukidhani umemsifu.

Sasa dukani. Kastama wa leso mara nyingi hasemi anachotaka mwanzo, yuwaingia, yuwatoa salamu, ashika ile iliyoanikwa karibu na mlango, afikicha pindo kwa vidole viwili kisha aiachia. Ukimwangalia ameshakwambia. Kama amefikicha basi yuwatafuta uzito wa kitambaa, na huyo atakapokuja kuuliza "hii si nyepesi?" ujue hilo ni lalamiko, leso nyepesi ni ile ambayo ikifuliwa mara mbili wanga ukatoka unaona mkono wako upande wa pili. Kama ameinua akasogeza macho chini kule karibu na pindo, yuwasoma jina, yale maandishi ya leso. Na kama ni wawili na wameshika rangi moja wakatazamana bila kusema kitu, hapo kuna shughuli, wataka sare, na wewe kichwani uwe umeshaanza kuhesabu doti ngapi za rangi hiyo ziko rafu ya juu na ngapi ziko stoo. Mpaka hapo hujafungua mdomo zaidi ya kumkaribisha na umeshafanya nusu ya kazi. Huko ndiko kuchangamka anakokutaka tajiri, ingawa yeye mwenyewe ukimuuliza atakwambia tu "changamka bwana, usizubae".

Kwa mgeni kabisa kabisa: leso huuzwa doti, yaani vipande viwili vilivyoshikana, kila kipande kama mita moja na nusu kwa mita moja na ushee. Pindo ni ule ukingo wa pande zote nne, mji ni katikati, jina ni maandishi. Kastama akishalipa huwa ataka ikatwe na ipindwe, na fundi wa cherehani hayuko mbali. Akija mtu wa Tanzania akasema khanga ni hii hii, na akiomba leso huenda ataka kitambaa cha mkononi cha kufutia jasho, kwa hivyo usimburute mpaka ndani, muulize kwanza. Kuna na wazee ambao kabla ya rangi, kabla ya bei, wanatafuta yale maandishi ya "Mali ya Abdulla", ya Kaderdina Hajee Essak, biashara iliyoanza 1887 hapa hapa Mombasa. Mzee wa aina hiyo ukianza kumwonyesha leso mpya za maua makubwa utamchosha bure.

Ufunuaji wenyewe ndio naona vijana wengi wanaharibu. Utamwona kijana ana mikono kweli, leso kumi amezifunua kwa dakika moja, kaunta imejaa rundo, na kastama amesimama hajasoma hata jina moja kwa sababu zote zimemwelekea muuzaji, kwake ziko kichwa chini. Funua tatu. Jina limwelekee yeye. Shika pembe mbili za juu, iache ianguke mpaka lile jina litokee, na ulisome kwanza wewe kimoyomoyo kabla hujaifunua, kwani leso yaongea. Dada akikwambia yuwataka ya kumpelekea wifi yake halafu wewe kwa haraka zako umemnyooshea "Hasidi hana sababu", umemtilia vita nyumbani kwake au umemchekesha, na vyovyote vile doti haikuuzika. "Nani kama mama" haina makosa popote. "Wema hauozi" nzuri kwa jirani. Wakija kwa mambo ya bi harusi ujue kisutu iko rafu gani hata umeme ukipotea, ile nyekundu nyeusi na nyeupe, hiyo huulizwa kwa jina na ukiuliza "kisutu ni ipi?" mbele ya mama wa bi harusi utatazamwa kuanzia juu mpaka chini.

Hapo ndipo mwepesi na mchangamfu wanapoachana, na watu huwachanganya sana. Mwepesi ni lazima useme mwepesi wa nini. Mwepesi wa kuelewa, sawa. Mwepesi wa kusahau, mwepesi wa hasira, mwepesi wa ulimi, hizo zote ni lawama. Mwepesi wa mkono yaweza kuwa fundi anayemaliza kazi upesi, yaweza kuwa anayepiga watoto wa watu, na ikisemwa kwa jicho fulani ni anayedokoa, kwa hivyo ukisikia tajiri anakuelezea hivyo kwa mwenzake tazama uso wake kwanza. Na mtu mwepesi hivi hivi bila chochote nyuma yake ni mtu asiyekuwa na uzito, asiyesikizwa. Lakini mchangamfu yuasimama peke yake, mtu akisema "yule kijana mchangamfu" hakuna atakayeuliza mchangamfu wa nini. Ndiyo maana matangazo ya kazi yanaandika "anatakikana kijana mchangamfu", hayaandiki mwepesi.

Ila ukizidisha unakuwa kitu kingine na watu wa hapa hawatakwambia kwa wema. Watasema una kiherehere. Neno hilo hutumika pia kwa moyo, mtu akiwa na wasiwasi moyo una kiherehere, hautulii, unadundadunda, na mtu wa kiherehere ndivyo alivyo, kila jambo lazima awemo, kastama wa mwenzake amrukia, bei haijaulizwa ameshaitaja, mama yuwaongea na bintiye kuhusu mahari na yeye kaunta amechangia. Kimbelembele ni nduguye. Papara ni tofauti kidogo, papara ni ya mikono, ni yule anayekata doti kabla fundi hajaulizwa wapi pa kukata na mkasi ukaingia kwenye mji. Mtu wa papara waweza kumfunza, mpe mkasi na umsimamie. Wa kiherehere kazi ipo.

Kuna pia machachari. Hili ni zuri ila si la dukani, ni la mtoto asiyekaa kitako au winga wa mpira anayewasumbua mabeki, ukisikiliza watangazaji redioni utalisikia sana. Ukiitwa machachari na mteja wa kike wa makamo elewa kwamba amekupenda lakini pia amekwambia utulie.

Na chapuchapu na hima ni amri tu, za kazi yenye mwanzo na mwisho, pakia gari chapuchapu, kalete chenji hima. Huwezi kuwa chapuchapu mchana kutwa, utaanguka. Changamka ni ya mchana kutwa na inawezekana hata ukiwa umekaa kwenye stuli. Nimefanya kazi na mzee mmoja ambaye hakuwa akiinuka ila kwa swala na chakula, lakini hakuna kastama aliyepita mlango ule bila yeye kujua amekuja na nani, ameshika nini, na ameangalia wapi kabla ya kutoka. Alikuwa akiinua kidevu tu kuelekea rafu fulani na sisi twaelewa.

Mtatupiwa methali pia na mtachanganyikiwa, asubuhi utaambiwa haraka haraka haina baraka na jioni ngoja ngoja huumiza matumbo, na aliyesema ni mtu mmoja. Msimcheke. La kwanza asema ukiwa wakunja leso, la pili ukiwa wamwacha kastama asimame mlangoni hakuna aliyemwambia karibu.

Nikirudi kwa salamu, kwa sababu ndugu zetu wa bara hapa ndipo mnapobebwa na kasi ya mjini. Mtu akiingia na "salaam aleikum" halafu jibu lako la kwanza ni bei, umezubaa hata kama umejibu kwa sekunde moja. Mkubwa mpe shikamoo yake usubiri marahaba, wa rika lako "wambaje dada, karibu", na mama mtu mzima muite mama, hiyo ya "madam" na "siz" iacheni huko stendi. Akija na mzee toa stuli kabla hujatoa leso. Mzee akikaa yule mwenye pesa ananunua kwa nafasi yake, hana anayemwambia twende feri itajaa. Wale wa Likoni na Kwale wana wasiwasi wa feri kuanzia saa kumi hivi, huyo usimfunulie rafu nzima, muulize jina na rangi, mpe mbili achague, akate njia. Wa kutoka Mji wa Kale kwa miguu anazo saa zote duniani na ukimharakisha ataenda duka la pili.

Halafu kaa chonjo. Chonjo ni uchangamfu wenye kushuku, na utauhitaji zaidi siku za kukaribia Idi duka likiwa limejaa mpaka mlangoni. Meseji ya M-Pesa uione kwenye simu ya duka, siyo kwenye simu ya kastama, hata akiwa amevaa vizuri namna gani, hata akiwa na haraka, na hasa akiwa na haraka. Wanne wakiingia pamoja na kila mmoja akauliza kitu chake kwa wakati mmoja, wewe jibu mmoja na mwite mwenzako kwa jina kwa sauti. Doti iliyofunuliwa na haijalipiwa ibaki upande wako wa kaunta. Haya hayahitaji kumkunjia mtu uso, waweza kutabasamu na huku mkono wako uko juu ya leso.

La mwisho ni wateja wa wosap, maana sikuhizi nusu ya mauzo ya baadhi ya maduka yapita huko na tajiri atakupa hiyo simu wewe kwa kuwa ni kijana. Huko kuchangamka si kutuma vikatuni vya maua na "karibu mpenzi" kwa mke wa mtu. Akiuliza "hii ipo?" usijibu "ipo" ukanyamaza. Nenda rafuni, ishike, toa nje ya nailoni, ipige picha kwenye mwanga wa mlangoni ambapo rangi yaonekana ilivyo, picha ya pili iwe ya jina peke yake lisomeke bila kukuza, na umwandikie zimebaki doti ngapi, na umuulize kama ataka ipindwe au iende hivyo hivyo. Akiwa Malindi au Lamu muulize basi gani amezoea kupokelea mzigo. Mtu huyo atalipa kabla hajakuuliza swali la pili.